Mmarekani Tuliyemwombea

Juzi nilimwona tena kwenye simu, kazeeka, yule mwigizaji Mmarekani wa filamu za Waingereza. Utotoni, kule Marangu, mchana mmoja wenye harufu ya kahawa iliyoanikwa, alipigwa risasi kwenye televisheni yetu. Nililia sana. Bibi, mikono ikinuka maganda ya ndizi, akaizima. "Mjukuu wangu, tusali rozari, tumwombee."

Wiki iliyofuata Mmarekani akatokea mzima, amevaa koti la daktari.

"Bibi! Sala zimemfufua!"

Bibi akaichukua rozari yake. "Basi tusiache."

Hatukuacha, maana katika kila filamu alikufa mapema. Sikujua kwamba kufa ndiyo kazi aliyopewa na waandishi wa filamu.

Filamu ya juzi kaiandika mwenyewe. Niliitazama hadi mwisho, rozari ya Bibi mkononi.

Hakufa.