Swali la Kumi

Asubuhi ile ya mwisho nyumbani Jacinta alinitengea chai na muhogo, kisha akanyoosha mkono. "Nivunjie na mimi." Ndiyo ilikuwa desturi yake. Tonge la kwanza la siku alilipokea mkononi mwangu. Nikavunja, akala, nikaenda kazini.

Mke wangu alizaliwa Rukanga, chini ya mlima Kasigau. Aliuza ndizi stesheni ya Voi, akiinua beseni hadi kwenye madirisha ya treni. Mimi ni mtu wa magharibi, nililetwa na reli. Mwaka wa sabini na mbili reli ikanipunguza kazini.

Jumamosi tulikuwa tukienda klabu kutazama televisheni. Kulikuwa na mchezo wa Wazungu. Mgeni anakaa, watu wanne wanamuuliza maswali mpaka waijue kazi yake. Yeye hujibu ndiyo au hapana, basi. Hapana zikifika kumi, mgeni ameshinda. Karani mmoja, Donald, alitutafsiria. Jacinta hakumngoja. Aliangalia mikono ya mgeni.

"Huyo anaoka mikate," akasema. Na kweli.

"Mama Beth, unatuharibia mchezo," Donald akalalamika.

"Tafsiri wewe. Mimi nakula ndizi yangu."

Nyumbani mgeni nikawa mimi. Nilikuwa nimemwambia nimepata kazi ya kulinda stoo ya hospitali. Haikuwa kweli. Nilikuwa naosha maiti mochari. Mwenzangu Thadeus alimwambia mkewe ukweli. Akatengewa sahani yake na kikombe chake, na mwezi haukuisha mke akarudi kwao. Mimi nikafunga mdomo.

"Kazi yako unatumia maji?" Jacinta aliniuliza.

"Hapana."

"Unaowahudumia huwa wanalalamika?"

"Hapana."

"Wanakusalimia?"

"Hapana."

Kila hapana zilipofika tisa, aliacha. "Umenishinda, Baba Beth. Kula." Miaka kumi na moja tulicheza hivyo. Swali la kumi hakuliuliza hata siku moja.

Na kila jioni nilikuta karai mlangoni, maji ya moto yenye majani ya limau. Nilidhani kwao Kasigau ndivyo mume anavyopokewa. Nikanawa, nikaingia.

Siku ile ya muhogo alianguka stesheni, beseni likiwa kichwani. Alilazwa siku mbili, ya tatu akafariki.

Karai nimelitundika kwenye msumari, halina maji. Lakini jioni nikifika mlangoni nasikia harufu ya limau. Nasimama. Nyuma ya mlango naulizwa, "Unatumia maji?" Najibu ndiyo. Nafungua, naingia. Beth, binti yetu, anataka nihamie kwake Mraru. Nimekataa. Nikihama, nitaulizwa wapi?

Kuandika nilijifunza uzeeni, kwenye darasa la ngumbaru. Naandika haya kwa sababu ya neno moja, lisije likanitoka.

Jacinta nilimwosha mimi. Thadeus alishika ndoo, akaangalia ukutani. Jioni iliyotangulia, wodini, Jacinta aliishika mikono yangu yote miwili, akainusa, akasema:

"Kesho usimwachie mwingine anioshe, Baba Beth. Mikono hii niliijua tangu wiki ya kwanza, na kila asubuhi nimekula kutoka humu."