Fundi Aliyeishinda Benki

Siku ya kwanza fundi wa suruali alipoingia dukani kwa Mama Jora, hakuuliza habari za asubuhi. Alishika tetroni ya kijivu kwa vidole viwili, akakunja uso kama aliyeonjeshwa dawa chungu, akasema, "Hii mita moja bei gani?"

"Elfu tisa," akajibu Mama Jora bila kuinua macho kutoka kwenye mkasi.

"Dada, mimi nanunua kitambaa, sinunui duka."

"Duka huliwezi. Kitambaa ni elfu tisa."

Walivutana nusu saa. Fundi alitoka mara mbili na kurudi mara mbili. Mara ya pili hakufika hata barabarani. Alisimama kibarazani, akainama akijifanya anafunga kamba za viatu, naye amevaa ndala. Mwishowe Mama Jora akashusha pumzi ndefu, akasema kwa sauti ya mtu aliyeporwa, "Haya, elfu nane. Lakini kwa bei hiyo sikati. Chukua jora zima."

Jora lilikuwa na mita hamsini. Fundi alihitaji thelathini na nane. Akalipa laki nne, akalitupia jora begani, akatoka kifua mbele kwenda kuwasimulia mafundi wake sita jinsi alivyomnyoosha yule mama. Mama Jora alifunga droo taratibu. Angemkatia mita thelathini na nane kwa elfu tisa, angepata laki tatu na elfu arobaini na mbili. Mtu mzima alikuwa amegombana naye nusu saa ili amwongezee elfu hamsini na nane.

Aliipenda sana biashara ile, akaiendeleza miaka kumi na mitano.

Isidhaniwe kwamba Fundi alikuwa mjinga. Akikuona mara moja tu unavuka barabara, alishajua kiuno chako, na mguu wako upi mrefu kuliko mwenzake. Suruali yake ilikaa mwilini kama ulizaliwa nayo. Ugonjwa wake ulikuwa mmoja: hakuweza kusikia bei akanyamaza. Daktari wa meno alipomtajia gharama ya kung'oa jino, alimbana mpaka akakubaliwa mawili kwa bei ya moja na nusu. La pili lilikuwa zima. Alirudi nyumbani shavu limevimba, akamwambia mkewe, "Nimemweza."

Mtu wa namna hii, alipofika miaka arobaini na mitatu, akaamua kununua nyumba kwa mkopo.

Ilikuwa nyumba ya vyumba vitatu, ya chini, paa jipya, mwisho wa barabara ya lami. Bei yake milioni sabini na tano. Fundi alikuwa na akiba ya kumi na tano, sitini zilizobaki akazifuata benki. Kesho yake asubuhi alikuwa dukani kwa Mama Jora, hakuja kununua, alikuja kusimulia.

"Dada, jana nimeingia benki. Bwana Mikopo ananiambia rejesho kila mwezi ni laki nane na elfu arobaini. Nikasimama."

"Ukasimama."

"Nikafika mlangoni! Akanifuata mwenyewe, na tai yake. 'Kaka, rudi tuongee.' Nikakaa, lakini nusu ya kiti. Nikambana, nikambana, mpaka laki saba na elfu sitini na nane! Benki, dada! Benki yenye walinzi na mbwa!"

"Wamekushushia bure tu?"

"Bure. Wamesogeza muda kidogo, badala ya miaka kumi na mitano iwe ishirini na mitano. Muda una bei gani?"

Bei yake Mama Jora aliijua. Nje gari la mzigo lilikuwa limefika na majora sitini, dereva anapiga honi. Ya benki yalikuwa ya benki. Akaenda kuhesabu mzigo wake.

Miaka minne ikapita. Fundi alilipa bila kukosa mwezi, na kila mwisho wa mwezi aliwakumbusha mafundi wake kwamba elfu sabini na mbili zilizobaki mfukoni mwake ni za benki. Sare za shule zilimwendea vizuri, akaweka akiba ya milioni ishirini. Ndipo akaja dukani na bahasha ya kaki, akaiweka juu ya kaunta, akaipapasa kama paka.

"Dada yangu, nataka sahihi yako. Napandisha ghorofa. Ninazo ishirini, benki wananiongezea thelathini, tena rejesho linapanda kidogo tu kwa sababu wanasogeza muda mpaka miaka thelathini. Wanataka mdhamini mwenye biashara."

"Yaani ukishindwa, wanakuja kwangu."

"Mimi nishindwe? Hunijui?"

"Nakujua sana, mdogo wangu. Ndiyo maana nitasoma kwanza."

Akavaa miwani. Mama Jora aliishia darasa la saba, lakini hakuna karatasi yenye namba iliyowahi kumtisha. Alisoma ukurasa wa kwanza, akarudi nyuma, akavuta kikokotoo. Mteja aliyekuja kutaka zipu aliambiwa arudi baadaye, jambo ambalo halijawahi kutokea katika duka lile.

"Fundi, mpaka leo umewalipa kiasi gani?"

"Kama milioni thelathini na saba hivi. Bado kama ishirini na tatu nimalize ile sitini."

"Soma hapa."

Fundi akasoma. Deni lililobaki: milioni hamsini na nane na laki nane kasoro. Akasoma tena kwa sauti, kana kwamba namba zingeona aibu zikajirekebisha.

"Wamekosea."

"Hawajakosea. Riba ni asilimia kumi na tano kwa mwaka. Kwa milioni sitini, mwezi wa kwanza riba peke yake ni laki saba na nusu. Wewe ulilipa laki saba na elfu sitini na nane. Ilibaki ngapi ya kupunguza deni?"

Fundi alihesabu kwa vidole juu ya kaunta. "Elfu kumi na nane."

"Mwezi ule ulinunua nyumba ya elfu kumi na nane. Tofali ngapi hizo? Zilizobaki zote zilikuwa kodi ya pesa zao. Sasa ungelipa ile laki nane na arobaini waliyokutajia mwanzo, ingepunguza ngapi?"

"Elfu tisini."

"Zile elfu sabini na mbili ulizowapokonya ndizo zilikuwa zinanunua nyumba. Walikuachia kwa moyo mweupe."

Akampigia hesabu iliyobaki bila huruma. Kwa miaka kumi na mitano, angelipa jumla milioni mia moja na hamsini na moja. Kwa ishirini na mitano, ni mia mbili na thelathini. Milioni sabini na tisa zaidi, yaani nyumba nyingine nzima kama ile na chenji ya kununulia geti. Na angemaliza akiwa na miaka sitini na minane, umri ambao fundi hawezi tena kuona tundu la sindano.

Fundi alivuta kigoda akakaa, safari hii kigoda kizima. Kisha akasema, "Dada, wewe umejuaje mambo haya? Hujakopa benki hata siku moja."

Hapo Mama Jora alikuwa na njia mbili. Angeweza kusema nimesikia redioni. Lakini alimtazama, akaona kwamba mtu huyu akitoka hapa bila kuelewa, wiki ijayo ataleta bahasha nyingine kwa mdhamini mwingine.

"Ndiyo kazi yangu," akasema.

"Kazi yako vitambaa."

"Kaangalie chini ya meza yako ya kukatia. Una vipande vingapi?"

Fundi alivijua vile vipande. Mita kumi na mbili za kijivu, tisa za bluu, kumi na moja za kaki, miaka nenda rudi. Vilijaa magunia manne, na mafundi wake walivifanya mito ya kukalia. 

"Jora zima," akasema.

"Jora zima."

"Miaka kumi na mitano! Umenila, dada!"

"Nimekula vipande. Wale wanakula jora."

"Na leo ndiyo umeona uniambie?"

"Leo ndiyo umetaka sahihi yangu."

Aliondoka bila kuaga, na bahasha yake kwapani. Mama Jora akadhani amempoteza mteja, akapiga hesabu ya hasara, akairidhia. Alhamisi Fundi akarudi, na mkewe, muuguzi wa zamu za asubuhi, bado ana saa yake kifuani.

"Wifi," mke akasema, "tangu siku ile ya kwanza nilimwomba hii karatasi niisome. Akaniambia nisimharibie ushindi."

"Wacha maneno, tuna kazi," akasema Fundi. "Dada, twende benki. Ghorofa basi. Nataka ile ishirini yote niiingize kwenye deni."

"Kitu nilichokitaka mimi ni hicho hicho kighorofa," mke akanung'unika, lakini alikuwa wa kwanza kutoka mlangoni.

Bwana Mikopo aliwapokea kwa maji baridi. Nyuma yake ilining'inia kalenda yenye picha ya familia inayocheka mbele ya nyumba. Hakuna hata mmoja kati yao aliyeonekana kudaiwa. Alipoambiwa kuhusu milioni ishirini, akang'aa.

"Safi sana, kaka. Deni linashuka mpaka thelathini na nane na ushei. Hapo rejesho lako linakuwa," akabonyeza kompyuta kwa kidole kimoja, kama anayefungua zawadi, "laki tano na elfu saba tu! Kuna ada ya kulipa mapema, laki nne. Lakini kwa kuwa ni wewe, ukichukua mpango huu, ada naifuta."

Mama Jora alimwangalia Fundi pembeni. Masikio ya Fundi yalisimama. Rejesho limeshuka kwa zaidi ya laki mbili na nusu, ada imefutwa, na hata hajafungua mdomo! Ni kama mwindaji aliyejiwa na swala wawili wakabisha hodi. Mkewe alishika mkoba kwa mikono miwili. Mama Jora alikuwa na neno ulimini, akalimeza. Alijua akimsemea leo, atamsemea kila siku.

"Miaka mingapi?" Fundi akauliza.

"Ile ile. Ishirini na mmoja tu iliyobaki."

"Jumla?"

"Hatuangalii hivyo, kaka. Mteja anaangalia anachomudu kwa mwezi."

"Mimi nashona suruali. Siuzi mguu mmoja mmoja. Piga jumla."

Bwana Mikopo akapiga. Milioni mia moja na ishirini na saba. Alizitamka haraka, kama daktari anayetaja jina la ugonjwa.

"Sasa piga na ile laki nane na elfu arobaini ya mwanzo. Ile uliyonitajia nikasimama."

"Lakini hiyo ni kubwa kuliko unayolipa sasa."

"Naijua."

"Kaka, unataka nikupandishie?"

"Nakuomba."

Bwana Mikopo aliwatazama wanawake wawili, kuona kama mgonjwa ana wasimamizi. Hakuna aliyemsaidia. Akapiga. Miezi sabini. Milioni hamsini na nane, basi.

"Ila hapo ada siwezi kuifuta," akasema, akiwa na tumaini lake la mwisho.

Midomo ya Fundi ilicheza. Ilikuwa wazi kwamba ndani yake kulikuwa na mtu anasimama kwenda mlangoni. Mke akamkanyaga mguu. "Laki nne nitalipa," akasema, na jasho likamtoka kama aliyebeba mashine.

"Na iandikwe," Mama Jora akaongea kwa mara ya kwanza, "kwamba ishirini zimeingia kwenye deni lenyewe. Zisije zikawekwa kama malipo ya miezi ijayo."

Ikaandikwa. Fundi akatia sahihi, kisha akaitia kalamu ya benki mfukoni mwake. Bwana Mikopo aliiona, akafungua droo akachukua nyingine.

Kuanzia hapo Mama Jora alimuuzia mita kamili anazohitaji, kwa elfu tisa, na Fundi hakupandisha sauti. Duka lilipoa. Aliyakosa makelele yale kidogo, na pesa zake alizikosa zaidi.

Miezi sabini ilikuwa migumu. Mke alichukua zamu za ziada. Fundi aliuza mashine moja na kumwachisha fundi mmoja, kisha akarudi kwenye cherehani mwenyewe. Alipokwenda benki kuchukua hati ya nyumba alikuwa na miaka hamsini na mitatu, miwani puani, na benki haikuonyesha dalili yoyote ya msiba. Bwana Mikopo, ambaye sasa alikuwa meneja, alimpa mkono kwa mikono miwili. Na kwa nini asimpe? Kwa milioni sitini walizotoa, walikuwa wamepokea mia moja na kumi na tano.

Fundi alipita dukani na hati, akamsomea Mama Jora hesabu ambayo sasa alijua kuipiga mwenyewe. Ukijumlisha akiba ya mwanzo, nyumba ya milioni sabini na tano ilikuwa imemla mia moja na thelathini.

"Kwa hiyo nimeshinda au nimeshindwa?" akauliza.

"Ungeendelea na ile ya miaka ishirini na mitano, ingekula mia mbili na arobaini na tano."

"Sikuuliza hiyo."

"Umeibiwa kidogo kuliko ulivyotaka," Mama Jora akasema. "Wengi hawafiki hapo."

Mke alikuwa amesimama mlangoni, anatazama upande wa barabara ya lami, ambako nyumba za majirani wawili zilikuwa zimeshapandishiwa ghorofa kwa mkopo. "Na sisi ghorofa yetu lini?" akauliza.

"Tukipata pesa mkononi," akajibu mumewe.

"Nitakuwa nimezeeka."

"Utazeekea kwako," Fundi akasema, akaikunja hati mara nne na kuitia mfuko wa ndani, ule wenye kifungo.