Mtumbwi Unaokwenda kwa Neno Lisilo na Kitako

Mimi Amisi nilisoma shule ya mapadri pale Kasongo mpaka mwaka wa pili wa sekondari, na ningeendelea kama shule yenyewe isingechoka nami mapema. Nasema hivi ili mjue kwamba nikieleza mambo ya akili za juu sibahatishi. Shemeji yangu Abedi, mvushaji wa Nyangwe, ambaye dada yake ni mke wangu, hakukaa darasani hata siku moja. Lakini alikuwa na nadharia. Nadharia ni wazo lililovaa viatu.

Abedi ana mwili mkubwa na sauti ndogo. Tangu ndevu zake za kwanza alikaa nyuma ya mtumbwi, akivusha mto Lualaba wachuuzi wa mawese, walimu, mabibi harusi, mbuzi, maiti, na pikipiki zilizolazwa kama wagonjwa. Mgongo ukapinda upande wa kafi. Akipita sokoni ungedhani anamsikiliza mtu mfupi anayetembea kando yake. Ukimuuliza habari, anajibu "nimechoka", bila kulalamika, kama wewe unavyojibu "nzuri".

Nadharia yake ilianzia kwa mchuuzi wa chumvi kutoka Wamaza. Huyo alikaa katikati ya mtumbwi, akasema taratibu kwamba neno analosema sasa hivi ni uongo. Abiria wakamrukia. Kama ni uongo, basi amesema kweli. Kama amesema kweli, basi ni uongo, kama alivyosema mwenyewe. Walibishana kutoka ng'ambo hii mpaka ile, na walipofika, Abedi akagundua kwamba bega lake halikuuma.

Alinieleza tukila ugali. Maneno mengine, alisema, yana kitako, ukiyasema yanakaa. Neno la mchuuzi yule halina kitako. Likienda upande wa kweli linasukumwa upande wa uongo. Likifika kwenye uongo linarudishwa. Kushoto, kulia, kushoto, kulia, kama kafi, tena lenyewe halichoki. Basi mtu akitengeneza chombo akakifunga kwenye neno la namna hiyo, chombo kitapita katikati, na mvushaji atapumzika.

Nilimuuliza atakifunga kwa kamba gani.

"Kamba njo sijapata," akasema, kwa ile "njo" yetu ambayo ninyi mnaiita "ndiyo", akachovya ugali kwenye sombe la majani ya muhogo.

Kasongo niliieleza nadharia hiyo kwa watu wenye miwani, nikasema ni ya sisi wawili, nikatanguliza jina langu kwa kuwa mimi ndiye niliyesoma. Hawakuielewa. Si kosa lao.

Msimu wa mvua uliopita bega likafa kabisa. Mkono wa kulia ukawa unaning'inia kama nguo ya kuazima, haubebi hata kikombe. Binti yake Rachida, aliyeolewa ng'ambo ya pili, alikuwa amemtengenezea chumba na kitanda, mbali na kivuko, mahali ambapo hakuna mtu atakayesimama ukingoni na kuita "Mvushaji!" Abedi hakutaka kitu kingine duniani. Alikuwa anakaa kwenye gogo, anatazama paa la bati la binti yake likimeremeta kule, na maji yako katikati.

Mtasema, si apande mtumbwi wa mwingine? Ninyi wageni. Kwetu pale kivukoni mvushaji havushwi akiwa hai. Yeye huvusha wote wasioweza kujivusha, na mwenyewe hujivusha. Siku mkono wa mwingine unamvusha ndiyo siku ya mazishi yake. Na si mzaha. Zamani mvushaji mmoja alivushwa akiwa na homa, akarudi amepona, akakuta matanga yameshakwisha. Aliishi mpaka uzee, lakini hakuna aliyemwita tena kwa jina. Hata mke wake alikuwa anampakulia chakula huku anaangalia pembeni.

Abedi aliogopa hilo kuliko maumivu.

Mchana mmoja Rachida akaja na mtumbwi wa mume wake, akakuta tumekaa: mimi, baba yake, na Marcelline muuza mawese, mwanamke ambaye ulimi wake ungeweza kumenya muhogo. Abedi akainuka. Akasema amepata namna ya kuvuka.

"Kwetu anayekaa nyuma na kushika kafi njo mvushaji," alisema. "Nitakaa nyuma, nishike kafi. Rachida atavuta mbele. Nitakuwa navusha, na nitakuwa navushwa. Jibu halitakuwa na kitako."

"Na kamba?" nikamuuliza.

"Shemeji, wewe unapenda kubishana kuliko kula. Wewe njo kamba. Panda."

Marcelline akacheka mpaka akashika galoni lake. Akasema naye anapanda, sababu kamba moja mbovu haitoshi.

Tukaondoka. Mimi nikatangaza kwamba Abedi anatuvusha, kwa kuwa yuko nyuma. Marcelline akasema mkono wake umelala, basi anavushwa. Nikasema kafi liko majini. Akasema hata jani liko majini. Nilikuwa nimewasha moto mzuri sana wa ubishi, natoa mpaka maneno ya Kifaransa, wakati nilipogeuka nikaona Abedi amelala. Kidevu kifuani, mdomo wazi. Mtu aliyechoka miaka yote hiyo, mtumbwi ukambembeleza kidogo tu, akaenda. Na kafi likateleza kwenye vidole vyake, likaingia majini, likageuka, likashika njia ya Kindu, kule mto unakoteremkia, peke yake.

Rachida aliliona. Akaacha kuvuta. Asiyeshika kafi si mvushaji, hilo hata mbuzi anajua, na neno lilikuwa limeanza kutafuta mahali pa kukaa. Marcelline angelisema, lingekaa.

Marcelline akanigeukia.

"Amisi," akasema polepole, "huyu mutu analala ama anatuvusha?"

Nikajibu: "Analala sababu anatuvusha."

"Anayevusha halali."

"Basi kama analala, iko nani anatupeleka?"

"Iko binti yake."

"Binti amesimamisha kafi. Na mtumbwi si unaenda?"

Kweli ulikuwa unaenda, maji yanautelezesha. Rachida akafuta macho, akaanza tena kuvuta, polepole, sisi tukibishana kwa sauti ya chini ili mzee asiamke, mpaka mchanga ukakwaruza tumbo la mtumbwi.

Abedi akafungua macho. Akatazama mikono yake mitupu.

"Kafi liko wapi?"

"Limetangulia, baba," akasema Rachida. "Njoo ulale."

Akamshika bega binti yake, akapanda ukingo.

Yuko kule mpaka leo, analala mchana kama paka. Nyangwe hawajakubaliana kama alivuka au alivushwa, na kwa kuwa hawajakubaliana, hakuna aliyetandika mkeka wa matanga, na jina lake bado linaitwa. Kila mara ubishi unapotaka kupoa, lazima niende pale kivukoni niuchochee, jua kali, koo limekauka, na Marcelline naye anakuja na galoni lake, anakaa kwenye gogo, anapumua.

"Haya," ananiambia. "Anza wewe. Jana nilianza mimi."

Ukiniuliza habari siku hizi, nitakujibu kama shemeji.