Kalamu ya Serikali, Chaki ya Mkulima

Siku yangu ya kwanza kazini nilifukuzwa ghalani kabla ya saa nne asubuhi. Nilikuwa binti wa Njombe, nimefika Mtwara kwa basi na vumbi la siku mbili, na kwa heshima ya ajira mpya nilikuwa nimejipaka mafuta ya manukato mpaka shingoni. Mkaguzi Mkuu, mzee mfupi asiyependa maneno mengi, aliniacha nipige hatua mbili tu ndani ya ghala, akanyanyua mkono.

"Binti, umekuja kukagua korosho au umekuja kuposwa?"

Nikasema nimekuja kukagua.

"Basi nenda kaoge. Hapa pua ndiyo mashine ya kwanza, na yako umeshaiharibu."

Nilikwenda kuoga huku nalia. Niliporudi alinipa bambo, kile chuma chenye ncha na mfereji kinachochomwa gunia ili kutoa sampuli bila kulifungua. Akanifundisha kuchoma juu, katikati na chini, maana mkulima mjanja huweka korosho nzuri juu, na mjanja zaidi huziweka juu na chini. Kisha akakusanya korosho viganjani, akazitikisa sikioni mwangu.

"Kavu inacheka," akasema. "Mbichi inaguna. Umesikia?"

Sikusikia kitu. Ilinichukua msimu mzima kusikia.

Leo mimi ni mstaafu, naishi Ufukoni, hapa Mtwara, magoti yananiuma na pua bado nzima. Nawaandikia ninyi mnaokagua mazao kwa kishikwambi, mnaobonyeza kioo na kwenda zenu. Sikuja kuwatukana. Mimi pia nilibonyeza.

Kazi yetu ilikuwa na hatua zake. Baada ya bambo ilifuata kukata: unachukua sampuli, unapasua korosho moja moja kwa mkasi wake, unatenga nzima, zenye madoa, zilizooza na zile changa zilizosinyaa. Hapo ndipo unajua kama ni daraja la kwanza, la pili, au la kurudishwa nyumbani. Tulipelekwa kituo cha utafiti cha Naliendele kujifunza magonjwa ya mikorosho na namna kila moja linavyoacha alama kwenye punje. Baadaye kikaja kipima unyevu cha betri. Mkaguzi Mkuu alikiita "mgeni", na kila kilipotoa namba alitikisa korosho sikioni kwanza, kama anayeuliza jirani habari aliyokwisha kuisikia.

Lakini somo nililoshika kuliko yote lilihusu chaki. Gunia likiwa na unyevu, hukuliandika kwenye daftari. Ulichora msalaba wa chaki ubavuni mwake, ukamwambia mwenyewe akaanike. Analitoa uani, anamwaga korosho juu ya jamvi, anashinda nazo akifukuza kuku, na baada ya siku mbili tatu analirudisha. Ukitikisa zikacheka, unafuta msalaba kwa kiganja chako na ndipo unaandika kwa wino.

"Kalamu ni ya serikali," Mkaguzi Mkuu aliniambia. "Chaki ni ya mkulima. Usije ukazichanganya."

Alipostaafu, nilihamishiwa ghala la upande wa Kilambo, karibu na mto, chini ya Meneja wa Ghala aliyekuwa mkali kwa makarani na mpole kwa wakulima. Huko ndiko nilikokutana na Bi Somoe. Alikuwa Mmakonde, mjane, mwenye mikorosho aliyopanda na marehemu mumewe, na binti mmoja, Zuhura. Siku aliyoniona nachoma magunia yake alisimama mikono kiunoni.

"Wewe ntu wa bara," akasema, "huko kwenu nnalima viazi. Korosho unaijulia wapi?"

"Naisikia kwa masikio, Bi Somoe."

"Haya, sikiliza. Ukikuta hata moja inaguna, unipige viboko."

Sikukuta. Miaka yote niliyokaa pale, korosho za Bi Somoe zilikuwa daraja la kwanza. Hakuchuma korosho mtini, alingoja bibo, lile tunda lake, lianguke lenyewe, na alianika kwa zamu, akizigeuza kama mtu anayegeuza mtoto mgonjwa. Watu wa kijijini walimtania kwamba angeolewa tena kama angemjali mwanamume nusu ya alivyojali korosho. Naye alijibu kwamba korosho hazimwombi chakula. Tukawa marafiki. Nilimletea viazi kutoka Njombe kila nilipotoka likizo, akavila huku akilalamika kwamba havina ladha.

Jambo moja tu lilimsumbua. Msimu fulani karani mmoja alichana ukurasa wa daftari, na magunia ya Bi Somoe yakaonekana kuwa ya mtu mwingine. Magunia yakishapangwa ghalani yanafanana kama mende, hakuna wa kuyasemea. Karani alifukuzwa, lakini ukurasa haukurudi. Tangu hapo Bi Somoe aliniuliza kila mwaka: "Nkaguzi, jina langu limekaa?" Nami nilimfungulia daftari nimwonyeshe, ingawa hakujua kusoma.

Kwa hiyo mfumo mpya ulipokuja, miaka yangu ya mwisho kazini, mimi nilikuwa wa kwanza kuushangilia. Mratibu wa Mfumo, kijana msomi na mwenye adabu, alitueleza kwa subira. Kila mkulima angepewa namba, na kila gunia kibandiko chenye alama za mraba. Nikishapima, matokeo yanakwenda kwenye kitu alichokiita mnyororo, wenyewe wanasema blokcheni. Ni daftari moja, akasema, lakini nakala zake zimo kwenye kompyuta nyingi za nchi nyingi, na kila ukurasa umefungwa kwa ukurasa uliotangulia. Ukijaribu kubadilisha mmoja, nakala zote nyingine zinakukana. Mnunuzi wa ng'ambo angeelekeza simu kwenye kibandiko na kujua korosho imetoka shamba la nani. Wakulima wenye historia safi wangewekwa kwenye orodha ya kijani, na mzigo wao ungeuzwa peke yake, kwa jina lao.

Nilisikia hayo nikamkumbuka Bi Somoe na ukurasa wake. Nilikwenda mwenyewe kwenye mkutano wa chama cha msingi, nikasimama mbele ya wakulima waliokuwa wakinong'ona kwamba ni mbinu nyingine ya kuwaibia.

"Daftari hili halichaniki," nikawaambia. "Jina lako likiingia, hakuna karani wala mkubwa atakayeligusa."

Bi Somoe alinyoosha mkono wa kwanza. "Kama nkaguzi wangu anasema, niandikeni."

Nilisema kweli tupu, na kweli hiyo ndiyo inayoniumiza mpaka leo.

Msimu ulipofunguliwa, mvua ilinyesha siku ambayo magunia ya Bi Somoe yalikuwa njiani kwenye toyo, ile pikipiki ya magurudumu matatu, na turubai lilikuwa na tundu. Magunia saba. Sita yalicheka. La saba, lililokaa chini ya tundu, liliguna. Halikuwa kosa lake, na wala halikuwa jambo kubwa. Nilishaona ya namna hiyo mara nyingi mno.

"Hili nenda kalianike, Bi Somoe," nikamwambia.

"Nvua hii haina adabu," akasema, na akalikokota uani.

Nami nikachukua kishikwambi, nikachagua neno "unyevu", nikabonyeza. Sikulazimishwa. Ningeweza kusubiri. Tulifundishwa kwamba usibonyeze mpaka uwe na hakika, nami nilikuwa na hakika. Ila mkono wangu, kwa mazoea ya miaka yote, ulidhani unachora msalaba wa chaki.

Alianika siku mbili, amekaa pembeni ya jamvi na mwavuli wa Zuhura. Siku ya tatu nilichoma bambo, nikatikisa. Zilicheka kuliko zote nilizopima msimu ule. Nikafungua kishikwambi nifute. Nilitafuta mahali pa kufutia mpaka jasho likanitoka, kisha nikampigia Mratibu simu, naye akaja na pikipiki siku hiyohiyo.

"Mama, kwenye mnyororo hakuna kufuta," akasema. "Tunaongeza tu."

"Basi ongeza kwamba limekauka."

Akaongeza, nikamwona kwa macho yangu. Nikalala nikiwa na amani. Lakini wiki iliyofuata orodha ya kijani ilibandikwa kwenye ofisi ya chama, na Bi Somoe hakuwamo. Ilikuwa hivi: mashine ya mnunuzi ilisoma neno la kwanza tu. Gunia lililokataliwa ni gunia lililokataliwa, na mwenye nalo anatolewa. Maelezo ya nyongeza yaliwekwa kwa ajili ya binadamu, na hapakuwa na binadamu aliyesoma.

Niliandika barua kwa Afisa Mwandamizi wa Ubora. Akaniita ofisini, mwanamke mwenye haki, sitamsingizia.

"Siku uliyopima, gunia lilikuwa na unyevu au halikuwa?" akaniuliza.

"Lilikuwa, bosi."

"Basi mfumo haujakosea."

"Haujakosea. Nimekosea mimi."

"Umekosea nini, na ulichoandika ni kweli?"

Nikaaga, nikatoka. Ningemwambiaje kuhusu chaki?

Bi Somoe alikuja ghalani na Zuhura. Hakupiga kelele, na ningependa angepiga.

"Nkaguzi, umeniandika nini?"

Nikamweleza yote, hata kidole changu. Alisikiliza mpaka mwisho, ameinamisha kichwa, akauliza kitu kimoja.

"Kwa hiyo zile siku mbili nilizoanika, sikuanika?"

Nikamwambia alianika, mimi shahidi. Akaitikia kwa kichwa, akashika mkono wa binti yake wakaondoka. Hakuja tena ghalani. Nilimpelekea viazi mwaka ule. Alivipokea, akanishukuru kama mtu anavyomshukuru mgeni, wala hakusema havina ladha.

Msimu wangu wa mwisho nilichoma gunia lenye namba ya mkwe wa Bi Somoe, mume wa Zuhura, mtu mwema ambaye shamba lake nililijua kuwa la daraja la pili miaka nenda rudi. Nikatikisa korosho zile. Nilizijua kama ninavyojua sauti ya mtu. Bi Somoe alikuwa ameacha jina lake, na korosho zake zilikuwa zinakwenda dunia nzima zikiitwa za mwingine, zamu hii kwa hiari yake. Mwanamke aliyelilia ukurasa mmoja uliochanwa! Niliandika daraja la kwanza, jina la mkwe, nikaenda nyuma ya ghala nikalia.

Nilistaafu msimu ulipofungwa. Walinipa kanga na simu, na Meneja mpya akasema nimeacha alama isiyofutika. Watu walipiga makofi.

Sipingi mfumo wenu. Wezi wa daftari niliwaona, na huu haukuiba. Lakini ninyi mnaoutengeneza, nawaomba kama mzazi: wekeni mahali pa chaki. Wekeni siku mbili tatu kati ya jicho la mkaguzi na wino, mtu aanike kilicholowa. Kweli ya saa moja si kweli yote ya mtu. Madaftari yangu ya zamani yaliliwa na mchwa, na magunia yote niliyoyapima sawasawa yalishageuka vitafunwa vya watu nisiowajua. Katika kazi yangu yote, kosa linaloweza kusomwa mpaka leo ni la gunia moja.

Mwaka huu Bi Somoe amefariki. Nilikwenda kwenye matanga nikiwa na hofu ya kufukuzwa kwa mara ya pili maishani mwangu. Zuhura alinipokea, akaniketisha mkekani na wenzake. Baadaye akanionyesha simu. Shamba sasa ni lake, na ukurasa wa shamba umemfuata: jina la mama yake, gunia la saba, unyevu, limekataliwa. Chini yake, jina langu kamili.

"Mama, hii na wanangu wataiona?"

"Wataiona."

Alizima simu. Akaingia ndani, akatoka na mfuko mdogo.

"Alisema, nkaguzi akija, mpeni korosho, nsimpe maneno."

Nilizipokea kwa mikono miwili. Nikachota kiganja kimoja, nikazitikisa sikioni mbele ya wafiwa wote, mimi mzee mzima. Zilicheka. Nikapapasa mfukoni kutafuta kalamu, nikapapasa na pochi, na sikuwa na mahali pa kuandika.