Jumasita

Ukitaka kucheka, cheka sasa umalize, kwa sababu haya ninayokueleza sikuyatunga. Yalinipata mimi, akili zangu zikiwa timamu, na baba mdogo wangu Zakayo yuko hai mpaka leo. Muulize, ingawa yeye atakueleza habari ya kuku tu.

Ilikuwa miaka ile simu yenyewe ni mulika mwizi, ile ndogo ya tochi. Nilifanya kazi ya kupanga kurasa katika duka la kuchapisha, kichochoroni nyuma ya River Road. Mwisho wa mwaka kazi yetu ilikuwa kalenda. Makanisa, vyama vya akina mama, wenye bucha, kila mtu alitaka jina lake liangikwe ukutani kwa watu. Kwa hiyo mama mmoja alipoingia mchana kweupe akasema anataka kalenda, sikuona ajabu. Alikuwa nadhifu, mwenye sauti ya upole. Ila nje jua lilikuwa la kuchoma, naye alikuwa amelowa mabegani kama mtu aliyetoka mvuani. Nikadhani bomba la ghorofani limepasuka. Wewe ungedhani nini?

Nikamwuliza ni ya kikundi gani, akasema ni ya watu wa kwao. Nikaanza kupanga, naye amesimama nyuma yangu akitazama kompyuta. Nilipofika katikati ya wiki akanigusa bega.

"Umeruka moja, mwanangu."

Nikamsomea: Jumatatu, Jumanne, Jumatano, Alhamisi.

"Jumatatu ni ya tatu, Jumanne ya nne, Jumatano ya tano. Na hiyo Alhamisi kwa Kiarabu ni ya tano vilevile. Sasa ya sita mliiweka wapi?"

Niamini, majina hayo nimeyasema tangu utotoni na sikuwahi kujiuliza. Wewe umewahi? Akanieleza bila haraka kwamba Jumasita ilitupwa zamani na watu waliotaka kuiwahi Ijumaa, na watu wa kwao wakaiokota. Kwao hukaa baada ya Jumatano, kabla ya Alhamisi, nayo ndiyo siku ya maneno: mtu mwenye neno lililomkwama kooni huingoja Jumasita, likatoka lenyewe. Wiki yao ina siku nane. Mwezi wao huisha mvua ikikatika, na mwaka mpya huanza wazee wakishachoka na ule wa zamani. Hapo pa mwaka nikaacha wazi. Mteja ni mteja, bana.

Labda ni habari ya neno kukwama kooni iliyonifanya nimweleze yangu. Alhamisi ya wiki ileile nilitakiwa Woodley, kwa wazazi wa mchumba wangu Nyambura. Baba yake, Mzee Njuguna, alikuwa mstaafu mwenye maneno machache na macho makali, na hakuwa na haraka ya kumpa binti yake mtu wa chumba kimoja Kangemi. Mbele yake mimi hushikwa na kigugumizi. Mara ya kwanza sikutamka hata jina langu likaisha. Nyambura alikuwa ameshanionya kwamba nikinyamaza tena, baba yake hatanipa nafasi nyingine.

Yule mama akatabasamu. Akaniambia kalenda ya kwanza kutoka kwenye mashine niitundike juu ya kitanda changu, itanisaidia. Zilizobaki angezichukua Jumasita. Nikacheka, naye akacheka.

Jumatano jioni nikaipigilia msumari. Baba mdogo Zakayo alikuwa amefika kutoka kwetu Vihiga kunisindikiza, akalala kwenye godoro sakafuni. Tulipoamka redio ikasema ni Alhamisi. Lakini nilikuwa nimechoka kama mtu aliyeshinda mjengo akibeba mawe, na koti langu la suti halikuwapo. Baba mdogo akakataa chai, akisema ameshiba. Nimemjua maisha yangu yote, sijawahi kumwona akikataa chai.

Tukaenda Woodley hivyohivyo. Mama yake Nyambura akafungua mlango, akauliza tumesahau nini tena. Tena? Nikachungulia ndani, nikamwona Nyambura. Koti langu lilikuwa limeangikwa kwenye kiti.

Mzee Njuguna akatoka akicheka, akanishika mkono kwa mikono miwili. Alisema tangu jana anaicheka ile hadithi yangu ya fisi. Alisema niliongea alasiri nzima, hajapata kusikia kijana anayejua kuongea namna ile, na kwamba yeye ameridhika.

Baba mdogo akauliza polepole kama hiyo jana kulikuwa na chakula. Akaambiwa kuku wawili, na kwa kufuata desturi ya kwetu ya kumheshimu mgeni, firigisi alipewa yeye.

"Yaani firigisi imepita hapa," akasema, "na sikuionja?"

Nikamwuliza Mzee jana ilikuwa siku gani.

"Jana ilikuwa jana," akasema.

Niliporudi kazini makatoni ya kalenda hayakuwapo. Bosi akasema nilimkabidhi yule mama kwa mkono wangu, tukicheka naye kama marika. Jioni hiyo niliing'oa ile kalenda nikaichoma, Baba mdogo akinisihi niiache wiki moja tu, apate kuonja.

Tulioana. Utasema basi, mambo yaliisha vizuri. Lakini kila Krismasi baba mkwe huwanyamazisha wageni ili nisimulie ile ya fisi. Fisi gani? Nimeshamsimulia fisi wote ninaowajua. Husikiliza mpaka mwisho, kisha husema kwa upole kwamba siyo huyo.

Siku moja nikajipa moyo nikamwuliza Nyambura alimkubali yupi. Alidhani natania. Kisha akaacha kukunja nguo.

"Ile jana uliongea vizuri mpaka nikaogopa. Hukuniangalia hata mara moja. Halafu ukaja tena bila koti, unatetemeka mlangoni, ukaniangalia mimi kwanza. Hapo ndipo nilimwambia mama niko tayari."

Kwa hiyo wewe unayenisikiliza, ukipewa kalenda na mtu usiyemjua, hesabu siku zake kabla hujatafuta msumari. Na kama una neno, liseme mwenyewe hata likikwama. Wako walio tayari kukusemea, nao wanaongea vizuri kuliko wewe.