Yeye Aliniandikia, Mimi Nikamwandikia

Vijana wakija kwangu Makina, hapa Kibera, na simu zao kunirekodi, swali la kwanza huwa lile lile: "Mathe, ni ukweli ulikuwa unarap?" Mimi hujibu kwa ukali kidogo, kwa sababu swali lenyewe lina dharau. Nilirap, ndiyo, na tulikuwa wawili, wasichana wawili, wakati vijana wengi wa mtaa walikuwa bado wanaiga Kimarekani wasichokielewa. Sisi tulipanda jukwaani na Sheng yetu ya Kibera na Kawangware, na watu wakasimama juu ya viti. Hilo nitalisema mpaka nizikwe.

Swali la pili ndilo lililokuwa gumu: mwenzako alienda wapi? Kwa miaka mingi nilijibu kwa neno moja tu. Aliacha.

Mimi ni binti wa Kinubi, nimezaliwa hapa hapa Makina, na adhana ndiyo saa yangu. Yeye ni Mkikuyu, binti wa mwenye ploti ya vyumba vya kupangisha kule Kawangware, aliyelelewa kanisani. Tulikutana kwenye shindano la kurap katika ukumbi mmoja, tukiwa na miaka kumi na tisa. Kila mmoja alikuja peke yake na mistari yake ya kujisifu. Mwendesha shindano alitutazama akacheka, akasema muda umeisha, wasichana wapewe nafasi moja wagawane. Nilitaka kumtukana. Yeye alinivuta mkono hadi nje, akaniambia, "Wacha hasira, we. Nipe kalamu. Mimi niandike zako, wewe uandike zangu. Mtu akijisifu mwenyewe ananuka."

Hivyo ndivyo tulivyoanza, na hivyo ndivyo tulivyofanya kazi siku zote. Sijawahi kufoka, yaani kurap, ubeti niliojiandikia. Mimi nilijiona mwembamba kama ufagio, mtoto wa kuambiwa nyamaza. Yeye akaniandika kama askari wa zamu, nikafoka hivyo mpaka nikaamini. Kanuni ilikuwa moja: mwenzako akishaandika, hubadilishi hata neno. Ukilitamka, ni lako.

Mazoezi tulifanya kwa miguu. Mimi natoka Makina, yeye anatoka Kawangware, tunakutana Dagoretti Corner, tunabadilishana karatasi. Kisha tunatembea Naivasha Road tukikariri kwa sauti, na watu wa mtaa wa Satellite wakitoka madukani kututazama. Mama mmoja muuza mboga aliwahi kutuombea hadharani, akidhani tumepagawa. Kaseti yetu tuliirekodi chumbani kwa jamaa fulani, godoro likiwa limesimamishwa ukutani ili kuzuia kelele za jirani. Ilipopigwa redioni mara ya kwanza, mamangu aliacha mahamri kwenye mafuta yakaungua yote. Hakunigombeza.

Sasa nije kwenye mstari ulioharibu mambo.

Tulialikwa kuimba Kawangware, mchana, uwanja wa nyuma ya soko. Nilitaka ubeti wake uwe wa moto, kwa sababu alikuwa nyumbani kwao. Katika ploti ya baba yake kulikuwa na mfereji mmoja wa maji ya bomba, wenye kufuli. Ulifunguliwa saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na moja jioni, basi. Wapangaji walipanga mitungi tangu alfajiri. Nikaandika:

*Mfereji wa ploti umevaa kufuli,*
*mitungi ya akina mama haina kivuli.*
*Ufunguo uko kwa babangu mfukoni,*
*na wapangaji wake jua kali foleni.*

Aliisoma Dagoretti Corner akiwa amesimama.

"Pacha," aliniambia, maana ndivyo tulivyoitana, "hii umeandika ukiwa sawa kweli?"

"Kwani ni uongo?"

"Si uongo. Lakini huyo ni mzee wangu."

Aliikunja karatasi, akaiweka ndani ya kiatu, tukatembea. Hakuniomba nibadilishe, na mimi, kwa ujuaji wangu, sikujitolea kubadilisha.

Ule ubeti alivyoutoa siku ile! Wapangaji walipiga makofi mpaka vumbi likapanda. Baba yake alikuwa amesimama nyuma, na koti lake na kofia. Alikuja kumwona bintiye kwa mara ya kwanza. Wimbo ulipokwisha alitembea polepole hadi kando ya jukwaa, akamuuliza, "Nani amekuandikia huu upuzi?"

Mimi nilikuwa nyuma ya spika, hatua tatu tu kutoka hapo. Nilisikia kila neno.

"Ni maneno yangu, Baba," alisema. "Yametoka kwa mdomo wangu."

Sikutoka nyuma ya spika. Nimejitafutia sababu nyingi tangu siku ile, na ya kweli ni moja: niliogopa.

Mzee hakupiga kelele. Alitoa ufunguo mfukoni, akamwekea mkononi. "Kama unajua sana habari za mfereji, basi shika wewe. Asubuhi na jioni. Siku utakayokosa, usirudi kwangu."

Basi mwenzangu akawa mshika ufunguo. Kila jioni saa kumi na moja lazima awe kwenye mfereji, na matamasha ya mjini yalianza jioni. Tulijaribu ya mchana, tukimaliza anakimbia viatu mkononi. Kisha tukaitwa Mombasa, na Mombasa hakuna namna ya kukimbia ukarudi saa kumi na moja. Nilienda peke yangu, nikafoka beti zangu tu, wimbo ukawa kama meza ya miguu miwili. Niliporudi nilikuwa na hasira, na nilimkasirikia yeye badala ya kujikasirikia. Watu walipoanza kuuliza, neno likanitoka: aliacha. Nikalizoea.

Miaka ikaenda. Tulikutana misibani, tukasalimiana kwa heshima zote kama watu wasiojuana. Baba yake alipofariki nilienda, nikakaa viti vya nyuma. Kisha mwaka jana vijana wa Kawangware walinifuata wakitaka tuimbe uwanja ule ule. Nikawaambia nitakuja. Wakasema, "Hapana, Mathe. Nyote wawili, ama hakuna shoo."

Nilienda kwake kwa miguu, njia ileile. Nilipoingia langoni nilikuta mfereji, na juu ya mfereji kufuli, na mitungi imepangwa mstari. Hasira ilinipanda hata kabla ya kumsalimia.

"Bado umefunga?"

"Karibu," alinijibu. "Mimi sijambo, asante kwa kuniuliza."

"Pacha, bado umefunga!"

"Nikiacha wazi, watu wa mikokoteni ya kuuza maji wanaingia wanachota mpaka tangi linakauka, na wapangaji wangu wanalala bila. Utakuja kunilindia kutoka Kibera?"

"Babako alikuwa anasema hivyo hivyo."

Pacha alikuwa amenenepa, amevaa miwani, na ufunguo ulikuwa umening'inia shingoni kwa kamba. "Basi andika," akasema. "Si hiyo ndiyo kazi yako? Yako nimeiandika kitambo."

Siku ya shoo tulikutana Dagoretti Corner, wanawake wawili wazima, tukabadilishana karatasi. Ubeti wake wa zamani sikuwa nimeugusa sana. Nilibadilisha mistari miwili ya mwisho:

*Ufunguo leo uko kwangu mfukoni,*
*na wapangaji wangu bado foleni.*

Kisha nikafungua yangu.

*Kalamu ilikuwa yangu, kinywa kilikuwa chake;*
*siku ya kuulizwa, kosa likawa lake.*
*Nimezunguka nikisema yeye ndiye aliacha,*
*kumbe mimi ndiye niliyemwacha pacha.*

Ndugu zangu wangekuwa uwanjani, na wanangu, na wale vijana wa simu niliowaambia "aliacha" mara ngapi sijui. Nilifungua mdomo nimwombe anipunguzie, hata mstari mmoja. Nikamwona ameshamaliza kusoma yake. Alijua akina nani wangekuwa mstari wa mbele, maana ploti yake nzima ilikuwa imemwambia itakuja. Aliinama, akavua kiatu, akaweka karatasi ndani.

Nami nikavua changu.

Kwa desturi yetu mimi ndiye huanza. Niliutoa ubeti wangu kwa sauti ileile ya askari aliyoniandikia nikiwa na miaka kumi na tisa, na nilipofika "niliyemwacha" sikuinamisha kichwa, nilimgeukia yeye. Sijui kama nimewahi kuona aibu na fahari zikinikaa kifua kimoja namna ile. Hakunikumbatia wala nini. Biti ilikuwa inakwenda, na zamu yake ilikuwa imefika. Akaingia kwa wakati, sawasawa, kama jana.

Alipotamka "kwangu mfukoni", mpangaji wake mmoja, mama mzee aliyekuwa amekaa kwenye mtungi wake mbele kabisa, alipaaza sauti: "Si ufungue sasa!" Watu wakaangua kicheko. Mwenzangu hakusita hata nukta. Alimaliza ubeti mpaka neno la mwisho, akaingia kwenye kiitikio, tukakiimba pamoja mara mbili kama ilivyoandikwa. Tulifunzana kwamba wimbo haukatwi. Ulipokwisha, alishuka ngazi, akaivua ile kamba ya ufunguo shingoni, akamwekea yule mama mkononi.

Kuhusu watu wa mikokoteni, wapangaji wameelewana wenyewe, wanapokezana zamu ya lango. Haikosi kelele, lakini maji yapo.

Sisi hatukuwahi kupewa tuzo. Wakati wetu hakukuwa na tuzo za wasichana wa kufoka, na sasa zipo lakini sisi tumezeeka. Vijana wakija na simu zao hutazama ukutani kwangu wakitafuta kikombe au cheti, na wanakuta kufuli kubwa la chuma, lenye kutu, limening'inia kwenye msumari. Pacha aliniletea mwenyewe, kwa miguu, kutoka Kawangware. Wakiniuliza mwenzangu alienda wapi, nawaambia wangoje kidogo, yuko njiani anakuja na karatasi yangu.