Mume Wangu wa Jukwaani

Kwa miaka zaidi ya thelathini nilikuwa mke wa mwanamume mmoja jukwaani, na hakuna hata siku moja tuliyopewa mchezo wetu wenyewe. Sisi tulikuwa watu wa pembeni: mimi mama mkwe mwenye gubu, mkunga mkali, jirani mmbea, yeye mume wa kila mmoja wao, kazi yake kufoka. Vijana wazuri walipendana katikati, sisi tukagombana kando, na watu wa Somanga walikuja kwa ajili ya ugomvi wetu. Hilo nalisema bila haya. Siku hizi kikundi chetu kinarekodi michezo ya kutazamwa kwenye simu, na nikienda sokoni Lindi hakosi mtu wa kuniuliza leo nimempikia nini mzee wangu.

Mwaka huu yule mzee akafariki, nyumbani kwake Rasbura. Yeye mtu wa Kikole, mimi Mmwera, na kwao na kwetu hutaniana, kwa hiyo juu ya uigizaji tulikuwa pia watani. Na mtani ana kazi yake msibani: avae nguo za marehemu, amwige, awachekeshe wafiwa hata kama hawataki. Nimewaiga marehemu wengi bila woga. Safari hii niliogopa.

Aliyenitia hofu ni mkewe. Siku ya tatu ilikuwa imefika, naye hajalia, hajasema neno, hajaonja chochote zaidi ya maji. Alikaa mkekani katikati ya wanawake, kajitanda kanga mpaka kidevuni, anautazama ukuta. Binti yake alinifuata uani, akaniamkia, akanishika mkono.

"Shangazi, fanya utani wako. Mama anatuponyoka."

Nikavaa koti la marehemu na kofia yake, nikaingia chumbani kwa kishindo. Nikafoka chai iko wapi, nani kahamisha kiti changu, na hawa wanawake wote wamefuata nini kama si ubwabwa. Wanawake wakaangua kicheko. Mjane hakupepesa hata jicho. Nikazidisha kelele, nikapiga mguu chini, jasho linanitoka ndani ya lile koti, na moyoni najilaumu kwamba namtonesha kidonda bure.

"Sivyo," akasema mjane.

Akayatoa macho ukutani, akanitazama.

"Huyo ni mume wako wa jukwaani, wifi. Wangu hakuwa na kelele. Hebu vua hilo koti."

Nakiri niliudhika. Miaka yote ile, leo naambiwa simjui. Lakini nikavua. Akainuka taratibu huku kashika ukuta, akalivaa, akatoka nje ya mlango. Akavua kandambili, akazipanga pamoja, akasafisha koo kidogo tu, kama mgeni anayechelea kumwamsha mtoto. Halafu akagonga mlango wa nyumba yake mwenyewe, mara mbili, kwa ncha ya kidole.

"Hodi, mama," akasema kwa upole.

Mtu huyo sikuwahi kumwona maishani mwangu. Wanawake wote wakanigeukia mimi, maana ilibaki nafasi ya mke, na nafasi ya mke siku zote ilikuwa yangu. Nikakaa pale alipokuwa amekaa, nikajitanda kanga mpaka kidevuni.

"Karibu, baba."

Akaniangukia kifuani na koti lake lile, akalia kwa sauti, akalia mpaka ile kofia ya marehemu, niliyokuwa bado nimeivaa, ikadondoka. Alhamdulillahi, nikasema kimoyomoyo. Sijawahi kufurahi hivyo kwa kukosea.

Alipotulia alijifuta uso kwa mkono wa koti, akaniambia nimeitikia vizuri, isipokuwa jambo moja: yeye hakuwa akimpokea mumewe amekaa kitako.

Nikainuka, nikaenda kumletea uji.